Namba ya Mkono wa Sikuzani

Naapa kwa Mungu aliye hai, na mwenye shaka aniletee msahafu niushike, kwamba haya ninayoyaandika ni kweli tupu kuanzia neno la kwanza mpaka la mwisho. Watu wa Naipingo najua mtacheka. Mtasema, huyu si yule mzee aliyetuambia gari la chanjo lilikwama kwenye tope la Mtua, tembo akaja akalisukuma kwa kichwa, akalipwa mabibo, na yasiyoiva akayakataa? Ndiye mimi. La tembo tuliache, tembo mwenyewe hayupo kushuhudia. Hili la leo lina mashahidi, na mmoja wao nalala naye kitanda kimoja.

Mimi ni dereva mstaafu. Utumishi wangu wote niliendesha gari la chanjo, nikipeleka masanduku ya barafu Chiola na Mtua na vijiji vilivyojificha nyuma yake. Shule sikufika mbali. Kusoma nilijifunza mwenyewe kwenye maboksi ya dawa, nikiwasubiri wauguzi wamalize kuwachoma watoto, na ndiyo sababu mpaka leo nikiandika barua hutamani kumalizia na "weka mbali na watoto".

Mke wangu ni Sikuzani. Habari hii ni yake, mimi ni mbebaji tu.

Msimu wa korosho wa mwaka juzi tulikwenda Chiola kuzika. Kurudi, yeye alitangulia na bodaboda, mimi nikabaki na wanaume kufukia kaburi. Karibu na kwetu, pale penye mchanga mwingi, mbuzi akakatiza. Ningependa kuwaambia alikuwa chui, lakini nimeshaapa. Alikuwa mbuzi. Pikipiki ikalala, Sikuzani akaangukia mkono wa kulia, na mfupa wa juu, ule ulio kati ya bega na kiwiko, ukakatika. Dereva alichubuka goti. Mbuzi aliendelea na shughuli zake.

Hospitali walimfunga hogo, ile plasta ngumu. Lilipotolewa, daktari aliushika mkono, akaugeuza huku na huku, akasema mfupa umeunga vizuri sana. Akamwambia, "Haya mama, nyanyua kiganja." Sikuzani akakiangalia kiganja chake. Nasi tukakiangalia. Hakikunyanyuka. Kuanzia kwenye kifundo kilining'inia kama jani la mgomba saa saba mchana.

Daktari akatueleza kuwa kuna mshipa wa fahamu unaojizungusha kwenye mfupa ule kama kunde inavyojizungusha kwenye bua la mhindi, na mfupa ulipovunjika mshipa nao ukabanwa. Wapo mabingwa wanaoweza kufungua wakautengeneza. "Ila msikae mno," akasema. "Mshipa ukilala sana hauamki." Kisha naye akahamishwa, tukabaki na maneno yake.

Sasa ngoja niwaeleze mkono wa kulia ni nini, kwa sababu wapo watakaosoma haya wakasema, si mkono mmoja tu, na wa pili upo? Kwetu sisi mkono wa kulia ndio unaosalimia. Ndio unaopokea, ndio unaotoa. Na ndio unaoingia kwenye sinia. Wa kushoto una kazi zake, na kila mtu anazijua.

Sikuzani alikuwa mtu wa sinia. Akina mama wakikusanyika, yeye ndiye anayemega nyama na kuwasogezea wenzake mbele yao, huku anasimulia, huku anacheka na tonge mdomoni. Mimi watu hunisema ni mwongo, lakini wanawake wa mtaa ule walikuwa wakimgombania yeye. Basi, baada ya hogo, nikaanza kuona kila tukialikwa anaumwa tumbo. Kisha amefunga sunna. Kisha ameshakula. Siku moja nimerudi kutoka msikitini nikamkuta nyuma ya jiko, amegeukia ukuta, sahani mapajani.

"Mama Amna, mbona huku?"

"Nakimbia jua."

"Jua huku ndiko linakochoma."

"Basi ndilo nalifuata."

Nikaona anavyokula. Kwa kushoto. Akakisukuma chakula chini ya kanga kama mtoto aliyeiba.

"Nilimuuliza sheikh," nikamwambia. "Kasema mgonjwa hana dhambi kula kwa kushoto. Kasema mwenyewe, sikumtungia."

"Mungu sina wasiwasi naye, baba Amna. Mungu alikuwepo siku ya mbuzi. Nawaogopa wanawake wenzangu."

Mimi, Swalehe wa maneno mengi, nikaenda kumletea maji ya kunawa.

Mwaka uliofuata, ukielekea kwisha, binti yetu Amna akachumbiwa na kijana wa Ruangwa. Harusi ikapangwa baada ya mfungo, na karamu ikawa ni ya kwao, Ruangwa. Usiku ule wa posa Sikuzani hakuniambia habari za nguo wala za vyombo. Alisema, "Nataka kitu kimoja tu. Siku wakileta sinia la mama wa bibi harusi, mkono wangu huu uingie humo pamoja na mikono ya wakwe. Tonge moja. Baada ya hapo hata ukikauka, sawa."

Haikupita muda likaja gari la matangazo: kambi ya madaktari bingwa itakuwa Ruangwa, mifupa, macho, mishipa, na wenye bima waombe vibali mapema. Nilicheza pale uani. Wastaafu tuna bima, na bima yangu haikuwahi kugharimia zaidi ya kikohozi.

Hospitalini kwetu, ofisi ya bima yumo Zaitun. Ukoo wao na ukoo wetu ni watani. Akiniona huniuliza kofia hii nimemwibia maiti gani, nami humwambia afadhali mimi naibia maiti, wao waliwala. Siku nikifa, Zaitun ndiye atakayelala mlangoni kuzuia jeneza mpaka wanangu watoe chochote, na ndiye atakayeniigiza ninavyotembea, watu wacheke machozi yawatoke. Ndio haki yake. Lakini utani una ukuta wake: kwenye ugonjwa, mtani humdanganyi. Mtu atakayekuogesha na kukuzika, huwezi kumpa habari za uongo za mwili wako.

Kazi ya Zaitun ni kugeuza magonjwa kuwa namba. Daktari anaandika maneno, yeye anatafuta namba ya ugonjwa ule na kuiingiza kwenye kompyuta, na bima huko waliko wanasoma namba. Sura yako hawaioni. Wanaona namba, na picha kama ipo.

Asubuhi ile tuliyokwenda, wakati tunangoja kwenye benchi, nilipiga hesabu zangu. Nimezunguka kwenye zahanati maisha yangu yote, nimeona. Mtu akiletwa damu inachuruzika, foleni nzima inampisha. Mtu akisema "nina mwaka sasa", anaambiwa, "Kaa pale mama." Kidonda hupewa dawa, kovu hupewa pole. Nikawaza, tukisema mkono huu ni wa mwaka juzi, na mfupa umeshaunga, nani atampa kibali mtu aliyepona?

Daktari wa zamu alikuwa kijana mgeni, Eustakio, mpole, macho mekundu kwa kukesha. Watu walikuwa wamejaa mpaka dirishani.

"Shikamoo mama. Mkono una nini?"

Sikuzani akafungua mdomo. Nikamuwahi.

"Ameanguka, daktari. Jumapili. Mkono umevunjika hapa juu, ona kiganja kilivyokufa."

Sikuzani akanigeukia. Sijawahi kuangaliwa vile, hata siku niliyomwambia mama yake kwamba nina ng'ombe. Kisha akainamisha kichwa. Eustakio akambonyeza mkono, Sikuzani akakunja uso, kwa sababu mshipa ule ukiguswa unachoma kama siafu. Yule kijana akaandika: umevunjika, apigwe picha, aombewe kibali haraka, orodha ya kambi inafungwa leo.

Karatasi ikaenda kwa Zaitun. Akaisoma, akainua macho.

"Mtani, huu si ule wa mbuzi?"

"Ule ulishapona. Huu wa Jumapili."

"Uleule mkono?"

"Bahati mbaya haichagui."

Vidole vyake vilikuwa juu ya kompyuta, havijashuka.

"Kwenye ugonjwa, mtani?"

"Kwenye ugonjwa," nikasema.

Vidole vikashuka.

Njiani Sikuzani alitembea mbele yangu. Tulipofika penye mikorosho ya shule akasimama bila kugeuka. "Kwa nini hukuniacha niseme?"

"Ungesema kweli, wangetuambia tukae pale."

"Tumekaa pale miezi yote hii, baba Amna. Ningekaa tena."

Siku chache kabla ya kambi, Zaitun akatuita. Nikaingia na maneno yangu tayari mdomoni, kwamba leo amevaa hijabu ya wizi. Akasema, "Kaa." Hakunitukana. Hapo ndipo nilipojua mambo yameharibika, maana Zaitun asiponitukana ni kama kisima kimekauka.

Akaiinua picha kwenye mwanga wa dirisha. Mfupa wa mke wangu ulikuwa mweupe, mnene, na katikati una nundu.

"Unaona hii? Mfupa ukiunga huota nundu. Nundu hii ina mwaka na zaidi. Siyo ya Jumapili."

"Labda mifupa ya kwao huunga upesi. Babu yake alivunjika mguu asubuhi, jioni akacheza..."

"Mzee Swalehe."

Aliniita kwa jina. Mtani haniiti kwa jina.

"Mkono uliovunjika sasa hivi una namba yake," akasema. "Inaanza na herufi S. Ndiyo niliyoiweka, kwa sababu uliniambia kwenye ugonjwa hakuna utani. Bima wameiona namba, wakaiangalia picha, mfupa mzima. Wakasema, huyu mama hana ugonjwa, na walioomba ni matapeli. Kadi imezuiwa mpaka wachunguze. Na mimi nimeandikiwa barua ya onyo, na Dokta Eustakio naye."

Nikajitetea. Mungu anisamehe, nilijitetea. "Sasa ungeandikaje, Zaitun? Mfupa si ulishapona? Ungewaambia nini, kwamba mtu mzima anaumwa?"

Zaitun akaishusha picha. Alisema polepole, kama mtu anayemweleza mtoto njia ya kwenda kisimani.

"Ulipona mfupa. Kilichobaki nacho kina namba. Ningeandika kwanza mkono unaoning'inia, maana ndio unaomsumbua leo. Chini yake ningeandika ya pili, T tisini na mbili nukta moja: madhara yaliyobaki baada ya mkono kuvunjika. Basi. Mbili tu. Ya leo, na ilikotoka. Hata mwaka juzi ingekuwa miaka kumi iliyopita, namba ni hiyohiyo. Haina haja ya Jumapili. Haina haja ya kuanguka tena. Ipo humo kwenye kitabu siku zote kwa ajili ya watu kama mama Amna."

Nilikuwa sijui. Nimebeba madawa ya serikali utumishi mzima, nimesoma kila boksi, na sikujua kwamba maumivu ya zamani yana namba yake. Nilidhani ukweli hautatosha.

Sikuzani alikuwa amesimama mlangoni, sikumwona alipoingia. Akauliza, "Zaitun mwanangu, hiyo namba kaiweka nani?"

"Wataalamu, mama. Wa dunia nzima. Walikaa wakakubaliana."

"Kwa hiyo kuna watu walikaa wakafikiri kwamba mfupa unaweza kupona, mwenyewe asipone?"

"Ndiyo, mama."

Akatikisa kichwa taratibu. "Ukiwapata, wape salamu zangu."

Zaitun akageukia dirisha. Kisha akakaa kwenye kompyuta, akaandika zile namba mbili, akaandika na maelezo marefu ya kuomba radhi ambayo sikustahili. Daktari Eustakio akasaini bila kunitazama. Wakatuma. Bima wakajibu kwamba wamepokea, na uchunguzi unaendelea.

Unaendelea. Neno hilo halina mkia.

Kambi ilipoanza tukaenda Ruangwa hivyohivyo. Sikuzani alivaa gauni lake la Idi, mkono ameufunga kwa kitambaa cheupe. Mahema yalikuwa yamejaa watu kutoka kila upande, na dada wa mapokezi alikuwa na mashine ndogo. Akaigusisha kadi yetu. Akaigusisha tena.

"Mama, kadi imezuiwa. Kama mna fedha taslimu, dirisha lile."

Fedha taslimu ya kumlipa bingwa wa mishipa hatukuwa nayo. Nikaanza kazi yangu.

"Binti yangu, unajua unaongea na nani? Mimi niliwahi kumbeba mganga mkuu mgongoni, mto umefurika, sanduku la chanjo kichwani, mamba wanatuangalia..."

"Babu, nakuheshimu. Watu wanasubiri."

"Mamba mmoja akasema..."

"Baba Amna," Sikuzani akasema. Hakupaza sauti. "Nyamaza."

Tukakaa kwenye majani pembeni. Nilimpigia Zaitun simu, Zaitun akawapigia wa bima, wa bima wakamwambia aliyeshika faili yuko semina. Jioni ikaja. Kesho yake tukarudi tena, na siku iliyofuata. Siku ya mwisho vijana walikuwa wanang'oa vigingi vya mahema, nasi tumekaa palepale, na hema la mishipa lilikuwa la kwanza kukunjwa.

Hapo ndipo Mungu alipoonyesha uwezo wake. Likatokea gari jeupe, limekwama mchangani, na ndani yake bingwa mwenyewe, mzee mrefu, miwani imefungwa kwa uzi. Nikalitoa gari lile kwa ujuzi wangu wa Mtua, vipande viwili vya mbao na gunia. Bingwa akashuka kunishukuru, akauona mkono wa Sikuzani. "Kadi ya nini?" akasema. "Nirudishieni vifaa vyangu." Akampasua palepale, hema likafungwa upya kwa ajili yake peke yake, na kabla uzi wa kushonea haujakatwa kidole cha shahada kikatikisika. Mfungo ulipokwisha tukaenda harusini. Sinia likaletwa. Sikuzani akakunja mkono wa gauni, akaingiza mkono wake wa kulia kati ya mikono ya wakwe, akamega tonge, akalila, na vigelegele vilisikika mpaka Nachingwea.

*

Nilikuwa nimefika hapo, nimeweka nukta, nimefurahi. Zaitun alikuja kututembelea alasiri, siku hizi huja, nikasema nitawasomea. Tulikuwa barazani, Sikuzani anachambua mbaazi kwa mkono mmoja. Nikasoma tangu kiapo. Kwenye mbuzi akacheka. Kwenye posa ya Amna aliacha kuchambua. Kwenye gari jeupe Zaitun akaanza kuangalia miguu yake. Nilipofika kwenye vigelegele, Sikuzani akasukuma mbaazi pembeni.

"Soma tena pale mwanzo," Sikuzani akasema.

"Wapi?"

"Ulipoapa."

Nikasoma. Naapa kwa Mungu aliye hai. Neno la kwanza mpaka la mwisho.

"Mtani," Zaitun akasema, "umenasa."

"Ni hadithi, jamani. Mwisho nimeupaka sukari kidogo. Msomaji ana shida zake, hawezi..."

"Mimi ndiye niliyekuwa Ruangwa," Sikuzani akasema. "Harusi ile niliila mimi. Usinilishe nyingine. Ulishanivunja mkono mara ya pili Jumapili ambayo sikuanguka, baba Amna. Sasa unaniponya siku ambayo sikupona. Andika ilivyokuwa."

Basi naandika ilivyokuwa.

Hakukuja gari jeupe. Mahema yalikunjwa, tukarudi nyumbani. Kadi ilifunguliwa baadaye, zile namba mbili zikakubaliwa bila swali hata moja, na kambi nyingine ilipokuja bingwa alimpokea vizuri, akamchoma visindano mkononi vya kupima mshipa, akamuuliza unasikia? Unasikia? Akasema mshipa huu umelala muda mrefu mno. Angeuona ile kambi ya kwanza, angejaribu. Akampa mazoezi.

Harusini sinia lilikuja kabla ya hayo yote. Mama wa bwana harusi alimnyooshea mkono kumkaribisha, na Sikuzani, kwa kuchanganyikiwa, akatoa wa kushoto. Yule mama aliangalia tu, kidogo sana, akaupokea kwa ncha za vidole. Sikuzani akasema amefunga. Amna, na hina yake na dhahabu ya kuazima, alitoka kwenye kiti cha bibi harusi kumtafuta mama yake. Akamkuta nyuma ya jiko la watu, amegeukia ukuta. Wakalia wote wawili hapo, hina ikachafua kanga. Mimi nilikuwa mbele kwa wanaume, nawasimulia habari za tembo, na wanacheka.

Hiyo ndiyo harusi.

Nilipomaliza kuandika nikamsomea. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Sawa." Kisha, "Sasa kiapo."

"Kiapo kimefanya nini?"

"Uliapa kwa Mungu ukadanganya. Kina kafara."

Nikasema nitafunga siku tatu, mimi kufunga si kitu. Zaitun akadakia kwamba kufunga ni kwa asiye na uwezo wa kulisha, na pale uani anaona jogoo wanatembea kwa kiburi. Sikuzani akasema, "Maskini kumi, baba Amna. Na utapika mwenyewe. Mimi sina mkono."

Nikalipa. Nilichinja jogoo, yule niliyekuwa nimewaambia watu anawika kwa Kiarabu, na wenzake. Nilisonga ugali mpaka mabega yakawaka, wali nikauunguza upande mmoja. Wakaja wajane wa upande wa bondeni, na wazee wawili wasiojiweza, na mlemavu wa sokoni, wakakaa mkekani kwa masinia mawili, Zaitun akiwa msimamizi wa adhabu. Kabla hawajanawa akaniamuru nisimame niseme kwa nini wanakula. Nikasema: nilisema uongo juu ya mkono wa mke wangu, mara ya kwanza kwa daktari bila kiapo, mara ya pili kwenye karatasi kwa kiapo, na mkono wenyewe haukupona wala hautapona.

Mzee mmoja akasema, "Leo Swalehe kasema kweli, anueni ufuta, mvua inakuja." Wakacheka. Nikacheka nao kidogo.

Wajane wakasogeana, wakamwachia Sikuzani nafasi kwenye sinia, wakamwita. "Njoo dada, njoo, sisi ni watu gani wa kukuangalia?" Aliwashukuru mmoja mmoja kwa majina. Akasema ameshakula.

Nikamwona anapakua kwenye sahani yake ya bati, kwa kushoto, akazunguka nyuma ya jiko. Niliweka mwiko chini nikamfuata. Alikuwa ameshakaa, uso kwenye ukuta. Nikasimama nyuma yake, na kati ya maneno yote niliyo nayo, na ninayo mengi, hapakuwa na hata moja la kweli la kumsaidia.

"Wali umeungua," akasema bila kugeuka.

"Najua."

"Nenda, wageni wako wanataka mchuzi."

Nikarudi nikawaongezea mchuzi.